Sinema ya Kijapani "Night's Tightrope": niwaonyeshe mabinti wa bweni au niiache?

MatroniMoshi ameandika:

Habari za jioni wanajukwaa, na shikamooni mlionizidi umri.

Mimi ni mwalimu wa Kiswahili na matroni wa bweni katika sekondari moja ya wasichana huku juu ya mji wa Moshi. Jumamosi baada ya chakula cha usiku tunasogeza meza za bwalo, tunatundika shuka jeupe ukutani, nawasha projekta na mabinti wanatazama sinema. Kuichagua ni kazi yangu, na kila sinema naitazama mwenyewe hadi mwisho kabla haijafika bwaloni.

Safari hii kidato cha tano wameniletea ombi lao. Wanataka sinema ya Kijapani inayojulikana nje kwa jina la Night's Tightrope, iliyotoka Oktoba 2016. Imeongozwa na mwanamke, Yukiko Mishima, kutoka kwenye riwaya ya mwanamke mwingine, Kanae Minato. Binti mmoja aliiona likizo kwa binamu yake Arusha, akawasimulia wenzake prepo nzima, na sasa hawataki kusikia habari ya sinema nyingine. Nimeitazama, na tangu niitazame sijatulia.

Kwa ambaye hajaiona: Yuki na Atsuko wanasoma sekondari ya wasichana, marafiki tangu utotoni. Atsuko alikuwa hodari wa kendo, ule mchezo wa kupambana kwa upanga wa mianzi, mpaka alipoumia na mambo yakaharibika. Wenzake wakamgeuka. Sasa anatembea akiburuta mguu, na wakimzonga pumzi zinambana. Yuki ni mkimya. Mkononi ana kovu alilolipata kwa bibi yake, mwalimu mstaafu mkali ambaye akili zimeanza kumpotea. Kwa siri anaandika hadithi. Kisha darasani anahamia msichana mgeni, Shiori, anayewaambia kwamba yeye ameshaona maiti ya rafiki yake kipenzi. Tangu hapo Yuki anashikwa na hamu ya kuona mtu anavyokata roho. Likizo ya kiangazi ikifika anajitolea kuwasomea vitabu watoto wagonjwa hospitalini, huku akisubiri. Atsuko naye, bila kumwambia mwenzake, anakwenda kusaidia kwenye nyumba ya wazee, na hamu yake ni hiyo hiyo.

Kuna na mwalimu, Ogura. Anaiba ile hadithi ya Yuki, anaitoa kwa jina lake na kupewa tuzo. Mimi nasahihisha insha za mabinti mwaka mzima. Nina daftari zao kabatini, na humo mna mambo ambayo mama zao hawajawahi kuyasikia. Sehemu hiyo iliniuma kuliko zote, na sidhani kama mwalimu yeyote anaweza kuitazama akakaa sawasawa kwenye kiti.

Maswali yangu ni mawili. La kwanza: inafaa kwa mabinti wa miaka 17 na 18 wanaolala mbali na kwao, au nitawafungulia mlango nisioweza kuufunga? La pili ni la mguu wa Atsuko. Sinema inatuonyesha kwamba mguu ule hauumwi kiasi hicho. Kwa nini basi anaendelea kuuburuta, hata mbele ya rafiki yake? Wakiniuliza nataka niwe na jibu la maana.

Nawasilisha.

Baba_Majengo amejibu:

Mwalimu, pole na kazi. Ushauri wangu achana nayo. Mwanangu yuko bweni huko Same, na nikiambiwa usiku wameonyeshwa watoto wenzao wanatafuta kuona mtu akifa, nitafunga safari kesho yake. Wakitoka bwaloni wanapanda vitandani, taa zinazimwa, kila mmoja anabaki na mawazo yake. Wewe unalala chumba cha mwisho kule, hutasikia nani analia chini ya blanketi. Sinema ziko nyingi, watafutie ya kuwapa moyo wa masomo.

Sanawari_Sinema amejibu:

Matroni, heshima yako kwa kuitazama kwanza. Wengi hawafanyi hivyo.

Huyu Kanae Minato anawajua wasichana wa shule kwa sababu amesimama mbele yao. Alijitolea Tonga, akarudi Japani akafundisha sayansikimu sekondari. Mpango uliompeleka Tonga ndio uleule unaotuletea walimu wa hisabati na sayansi wa kujitolea kutoka Japani tangu miaka ya 1960. Mimi nimekulia Chekereni, kwenye mashamba ya mpunga yaliyochimbiwa mifereji kwa msaada wa Wajapani miaka ya 1980, na hisabati ya kidato cha pili nilifundishwa na mmoja wa hao vijana. Kwa hiyo nikisoma kitabu cha Minato najiuliza huko Tonga wanafunzi wake walikuwa wakimwona vipi.

Tahadhari moja. Mabinti wakishaipenda hii watakuomba na Kokuhaku, ya mwaka 2010, iliyoongozwa na Tetsuya Nakashima. Ni riwaya ya Minato huyo huyo, na Japani iliipeleka kugombea Oscar. Humo mwalimu anasimama mbele ya darasa siku ya kufunga shule na kuwaambia wanafunzi kwamba wawili kati yao wamemuua binti yake mdogo. Ufundi wake ni mkubwa mno, lakini ni kisasi mwanzo mwisho. Hiyo usiipeleke bwaloni hata wakikulilia.

Kama unataka ya Kijapani ya shule nzima, ya shule ya wasichana pia, tafuta Sakura no Sono ya Shun Nakahara, 1990. Klabu ya maigizo inajiandaa kuonyesha tamthilia ya Chekhov siku ya kumbukumbu ya shule yao, na asubuhi hiyo inajulikana kwamba mmoja wao alikamatwa jana akivuta sigara, hivyo onyesho linaweza kufutwa. Basi, ni hayo tu. Wasichana, mavazi, woga wa jukwaa, na mambo ya moyoni yanayosemwa nusu. Jarida la Kinema Junpo liliichagua kuwa sinema bora ya Kijapani ya mwaka ule. Kidato cha kwanza wataielewa na kidato cha sita hawatachoka.

Nesi_wa_Rau amejibu:

Shikamoo matroni. Baba Majengo, shikamoo pia, nimekusoma na wasiwasi wako ni wa haki.

Mimi nimesoma bweni tangu kidato cha kwanza hadi cha sita, shule siitaji. Sasa ni muuguzi hapahapa Moshi. Sinema hii naifahamu vizuri.

Nikiwa kidato cha tatu mwenzetu mmoja aliugua, akachukuliwa usiku na gari la shule, hakurudi. Asubuhi tulikuta kitanda chake cha juu kimevuliwa shuka. Kufika mchana godoro lilikuwa stoo. Mstarini tukaambiwa mwenzenu ametangulia, tukasali, kengele ikagongwa tukaingia kipindi cha kwanza, ambacho kilikuwa jiografia. Mazishini alikwenda dada mkuu na mwalimu wa darasa, basi. Dada mkuu aliporudi tulimfuata bafuni, tukamzunguka na ndoo zetu, tukamuuliza uso ulikuwaje, alivalishwa nini, macho yalifungwa kabisa au yalibaki wazi kidogo. Tulikuwa watoto wa rozari na kwaya. Mmoja wetu akasema mbele ya wote kwamba anamwonea wivu kwa sababu yeye amemwona. Hakuna aliyemkemea, maana tulikuwa tunawaza hivyohivyo.

Kwa hiyo niliposikia Shiori anavyowasimulia Yuki na Atsuko, sikushtuka. Ile hamu haitokani na ubaya. Inakuja pale watu wazima wanapokunja godoro na kugonga kengele.

Lakini matroni, mabinti zako wana kitu ambacho Yuki hana. Huku Uchagani mtu anazikwa kihambani kwake, kati ya migomba, na wajukuu wanachuma mchicha hatua chache kutoka kwenye kaburi. Siku ya kuaga mwili hata mtoto wa chekechea anabebwa apite mbele ya jeneza. Wengi wa mabinti hao wameshaona kile anachokitafuta Yuki, na wanajua kwamba ukishapita pale unarudi kukaa kwenye turubai na maswali yako yaleyale. Nina hakika hilo halitawakalia sana kichwani. Kitakachowakaa ni wale marafiki wawili. Kila mmoja anaamini mwenzake amemwacha, kila mmoja anangoja mwenzake aanze, na wakati huo Yuki anaandika kurasa na kurasa kuhusu Atsuko. Hadithi inayoibwa na yule mwalimu ni barua ya rafiki kwa rafiki ambayo haijafika. Bwenini kununiana namna hiyo kunaweza kumaliza muhula mzima na matroni asijue.

Sasa mguu. Nakuomba usiwaambie mabinti kwamba Atsuko anaigiza, ukaishia hapo. Wodini tunaletewa wasichana ambao mguu hautaki kukanyaga, picha ya mfupa safi, vipimo safi, na mama mtu anasema anadeka. Yale maumivu yana kazi. Atsuko akisema mguu umepona, itabidi arudi kwenye kendo, mbele ya walewale waliomcheka, au aseme kwa kinywa chake kwamba hataki tena. Vyote viwili vinamtisha. Akichechemea hakuna anayemdai kitu. Mgonjwa anasamehewa, aliyeshindwa hasamehewi. Kwamba anauburuta hata mbele ya Yuki, kwangu mimi hiyo ndiyo sehemu ya huzuni zaidi ya sinema nzima, maana Yuki ndiye mtu pekee ambaye asingemdai.

Na zile pumzi kubana si maigizo hata kidogo. Ni hofu. Ukikutana nazo bwenini, mtoe binti kwenye kundi, mkae chini, mwambie atoe pumzi polepole kuliko anavyovuta, na wewe pumua naye. Usimzunguke na wenzake ishirini wanaompepea kwa khanga.

Ningekuwa wewe ningeionyesha. Bwaloni usiku, hapana. Hapo niko na Baba Majengo.

MatroniMoshi ameandika:

Asanteni sana. Nesi, marahaba mwanangu, nimeusoma ujumbe wako zaidi ya mara moja, na hiyo habari ya godoro nimempelekea makamu mkuu wa shule aisome pia. Sisi hatujafiwa na mwanafunzi tangu niingie hapa, namshukuru Mungu. Lakini wazazi wa wanafunzi wanakufa kila mwaka. Binti anaitwa ofisini, anapewa ruhusa, anarudi baada ya mazishi na nywele zimenyolewa, na prepo ya jioni hiyo anakaa palepale kama jana. Sisi walimu tunasema pole mlangoni. Hapo nina kazi ya kufanya, sinema iwepo isiwepo.

Nieleze na kwa nini nimeuliza habari ya mguu.

Ninaye binti, kidato sitaji. Ni mfungaji wetu wa mpira wa pete. Kwenye mashindano ya UMISSETA ya wilaya alikosa magoli mawili ya mwisho ambayo siku zote anafunga akicheka. Kwenye gari la kurudi yeye ndiye huanzisha nyimbo, na siku hiyo hakuna aliyeimba. Walimkalia kimya kutoka uwanjani mpaka getini. Wiki iliyofuata goti likaanza. Zahanati hawaoni kitu, nimempeleka na hospitali kubwa, hawaoni kitu. Rafiki yake wa damu alikuwa akimwekea nafasi mezani. Sasa kwenye nafasi ile anaweka daftari, na binti akifika na sahani yake ya makande, rafiki haliondoi. Nimeliona hilo daftari kwa macho yangu, lina jalada la bluu na picha ya simba.

Nilipomwona Atsuko kwenye korido ya shule akivuta mguu huku wenzake wakimpita, nilisimamisha sinema. Nilimwona binti yangu wa goti. Na nilikuwa nimeshaanza kumwambia mwalimu wa michezo kwamba anatega.

Baba Majengo, hoja yako ya taa kuzimwa imenikaa. Kwa hiyo nimepanga hivi. Bwaloni Jumamosi nitapeleka Sakura no Sono nikiipata, asante Sanawari. Hii ya Mishima itakuwa ya kidato cha tano peke yao, Jumapili mchana baada ya ibada, maktaba, madirisha wazi. Kabla ya siku hiyo nitaongea na kila binti aliyefiwa mwaka huu, nimwambie kuna nini ndani, na asiyetaka ataruhusiwa bila kuulizwa sababu mbele ya wenzake. Sinema ina karibu saa mbili, nitaisimamisha pale hadithi inapoibwa, tuongee, kisha tuendelee. Mwisho wake hautaangukia kwenye kengele ya chakula, maana nataka saa nzima ya mazungumzo. Mwalimu wa ushauri nasaha atakuwepo, na ile namba ya simu ya mtoto, 116, ambayo ni bure, nitaibandika mlangoni kwa ndani, binti aweze kuisoma bila kuonekana anaisoma. Simu ya bweni ninayo mimi, na atakayeitaka ataipata.

Binti wa goti na rafiki yake wote wawili wataalikwa. Sitawakalisha pamoja. Watakaa wanapotaka.

Swali dogo lililobaki: ile sehemu ya msichana kumsingizia mwanamume kwenye treni kwamba amemshika. Niiongelee au niipite?

Nesi_wa_Rau amejibu:

Iongelee, lakini anza na upande wa pili. Waambie kwanza kwamba msichana akishikwa, asikilizwe na aaminiwe. Hilo likishakaa vichwani ndipo muulizane wale wasichana wa kwenye sinema walifanya nini na maisha ya nani yaliharibika. Ukianza na kusingizia, kuna binti pale ambaye hatafungua kinywa tena, na huenda ndiye mwenye la kusema.

Sanawari_Sinema amejibu:

Nakala iangalie vizuri kabla. Huku mtaani kuna sinema nyingi za Kiasia zilizowekewa sauti ya dijei wa Kiswahili juu yake. Mimi nawapenda madijei, wamewafikishia sinema watu ambao wasingezipata kabisa, na kibanda kikijaa kwenye mapigano hakuna raha kama hiyo. Lakini hii usiitumie ya dijei. Sehemu zake nzito hazina maneno. Yuki na Atsuko wanatazamana, unasikia nyenje na upepo, halafu mmoja anaondoka. Dijei hawezi kukaa kimya, ndiyo kazi yake, atasema "hapa sasa dada anamkasirikia mwenzake" na yote yatakuwa yamekwisha. Chukua yenye maandishi ya Kiingereza chini, kidato cha tano watayasoma. Weka spika ya nje, ya projekta haitoshi maktaba. Na viti vya nyuma viwe juu ya jukwaa au meza, la sivyo maandishi yanafichwa na vichwa vya wa mbele.

Baba_Majengo amejibu:

Mwalimu, mchana, milango wazi, na mtu wa kuongea nao, hapo nimekuelewa. Mwanangu angekuwa kwako ningesaini. Ila barua kwa wazazi itangulie, hata mistari mitano, useme sinema inahusu nini. Mzazi akisikia kwa mtoto kabla hajasikia kwako, atasikia lile neno moja tu la kifo. Na huyo wa goti, mwalimu wa michezo asimguse kwanza.

Nesi_wa_Rau amejibu:

Matroni, Jumapili ya mwisho ya mwezi siko zamu. Ukinihitaji nakuja, nitakaa nyuma.

MatroniMoshi ameandika:

Njoo mwanangu. Kesho naandika barua ya wazazi na nakuombea kibali kwa mkuu wa shule. Nitumie jina lako kamili na namba ya kitambulisho kwa ujumbe wa faragha, getini wanaandika kila mgeni. Panda daladala ya saa tano, ile ya saa sita huwa inangoja abiria wa kutoka kanisani na itakuchelewesha.